Filamu ya Kabatini

Wieland Kossack alimkamata mzee Pätzold mkono wa koti mlangoni mwa ukumbi wa sinema, mchana kweupe, foleni nzima ikitazama.

"Leo hukimbii, Ndugu Pätzold. Utapanda jukwaani uniombe radhi."

"Undugu umekufa na serikali yake. Siku hizi ni Bwana," mzee alijibu. "Na taratibu, sina koti jingine."

Foleni ilicheka. Walimjua. Alikuwa mwenyekiti wa kamati iliyopitisha au kufungia kila filamu ya Ujerumani Mashariki kabla umma haujaiona. Mwaka wa sitini na sita aliifungia filamu ya kwanza ya Kossack, naye hakutoa sababu.

Tangu hapo Kossack hakupewa tena kuongoza filamu ya sinema. Alihamishiwa televisheni, akatengeneza vipindi vya wapelelezi na vichekesho vya mkesha wa mwaka mpya. Kila aliposifiwa alijibu kwa uchungu: "Hayo ni makombo. Kazi yangu halisi imo kabatini." Watu walimwinamia. Wanafunzi wa chuo cha filamu waliandika tasnifu juu ya kazi ambayo hawakuwahi kuiona. Na sasa ukuta ulikuwa umeanguka, kabati limefunguliwa, filamu yake ikionyeshwa leo kwa mara ya kwanza, na mjini Berlin mwongozaji yeyote ambaye hakuwahi kufungiwa hata filamu moja alipita akiinamisha uso.

Kossack hakutaka fidia. Alitaka neno moja tu, tena litamkwe hadharani.

"Sema mbele yao! Kilichokuudhi katika filamu ni ile hotuba ya mfua vyuma kiwandani? Uliogopa chama?"

Mzee alishusha sauti. "Wieland, waambie mashine imeharibika. Watu wakale soseji zao, warudi makwao."

"Mnamsikia? Serikali imezikwa, yeye bado anafungia!"

Miluzi ikavuma. "Aibu, babu!" mwanamke mmoja alipaza sauti. "Mkasi wako umeuacha wapi?" akadakia mwingine.

Pätzold aliingia kwa miguu yake mwenyewe, akaketi safu ya mbele, kando ya mshtaki wake. Kossack alikiri moyoni kwamba hilo lilihitaji ujasiri, ingawa ujasiri wa mkosaji haufuti kosa.

Bi Teubert, mwenye ukumbi, alimtambulisha Kossack kuwa ni msanii ambaye serikali nzima ilimwogopa. Watu walisimama. Makofi yaliendelea hata Kossack akalazimika kutoa leso. Alipoketi, alimwinamia mzee, safari hii bila kutafuta wasikilizaji.

"Sasa tuko wawili. Chama kilikuagiza nini?"

"Chama kiliipenda. Kilitaka ionyeshwe nchi nzima, Mei Mosi."

"Unasema uongo."

"Nilibishana nao wiki mbili. Nusura nifukuzwe."

Taa zilianza kufifia.

"Basi uliifungia kwa nini?"

"Kwa sababu niliitazama mpaka mwisho, mwanangu," Pätzold alinong'ona. "Baada ya filamu mbovu kama ile, nani angekupa kazi tena?"

Pazia likafunguka, na ukumbi mzima ukanyamaza kwa heshima.