Faili Lisilo na Picha

Nilibonyeza nipate hesabu ya tangi, kompyuta ikajibu kwamba haijui kitu kinachoitwa mduara.

Jana ilijua. Programu yangu ya kuchora matangi hutegemea faili moja dogo la hesabu. Likikosekana, inabaki kuchorachora tu kama mtoto mwenye mkaa.

Kwenye kitufe cha kufutia palikuwa na alama ya kidole, nyeusi ti.

"Shemeji!"

Akatoka chumbani, masharubu yakiwa bado mabichi kwa rangi nyeusi. Mwenye tangi ndiye baba wa mchumba wake, na alikuwa anakuja kumwona mkwe aliyejitapa kwake kuwa bingwa wa kompyuta.

"Nilikuwa natafuta nafasi ya picha za harusi," akasema. "Lile faili nililifungua, shemeji. Halina picha, halina wimbo. Nikaona linakula nafasi bure tu."

"Ndilo lililokuwa linapiga hesabu humu!"

"Hodi!" Mzee alikwisha kuingia. "Haya, tangi langu litachukua lita ngapi?"

"Muulize bingwa wako, mzee," nikamjibu.

Shemeji alitazama kioo cha kompyuta, akatazama mlango, kisha akajifuta jasho la mdomoni kwa kiganja. Rangi ikapakaa, sharubu moja likahamia sikioni.