Mdomo Wake, Sauti Yake

Encarna alisukuma mlango wa studio bila kubisha. Kwa miaka thelathini alikuwa mwigizaji wa jukwaani, na hii ilikuwa filamu yake ya kwanza. Ndani akamkuta binti mmoja, Begoña, mbele ya kipaza sauti, tayari kuweka sauti yake kwenye mdomo wa Encarna uliokuwa ukicheza kwenye skrini.

"Bi Encarna, mwongozaji ameshaamua," alisema Fermín, fundi wa sauti. "Sauti yako ni ya ukumbi mkubwa. Itanivunjia mitambo."

"Uso kaupenda, sauti haitaki? Basi angeazima kichwa tu, mimi nikabaki nyumbani."

Begoña akacheka, halafu akajiziba mdomo.

"Mwanangu, nipishe kidogo. Fermín, mara moja tu. Ikiharibika, naenda zangu."

Fermín akaguna, akarudisha picha mwanzo, mkono ukabaki kwenye swichi ya kuzimia.

Encarna hakukisogelea kipaza sauti. Alivua viatu visigonge sakafu, akarudi nyuma hatua kwa hatua mpaka mgongo ukagusa mlango. Kwenye skrini, mama alikuwa akimuaga mwanawe anayekwenda vitani. Encarna akamwambia kijana afunge vifungo vya koti, nje kuna baridi. Sauti ilikuwa ile ile ya jukwaani, ila kwa umbali ule ilifika laini, ikaketi sawasawa kwenye midomo ya yule mama.

Fermín akaondoa mkono kwenye swichi. Begoña alikuwa amekaa sakafuni, midomo yake ikimfuata Encarna neno kwa neno, kimya kabisa.