Kura ya Mzee Wenseslaus

Kalamu ilikuwa mkononi mwa Jovin, lakini kura ilikuwa ya baba yake.

Mzee Wenseslaus alisimama naye ndani ya kituturi, amemshika bega. Mtoto wa jicho alikuwa amemziba macho yote mawili, na msimamizi wa kituo alimruhusu aingie na mtu wa kumsaidia.

"Weka alama ya vema kwenye jembe na nyundo," mzee alinong'ona. "Kote. Rais na mbunge."

Ilikuwa Oktoba 1995. Nje ya darasa lililogeuzwa kituo cha kura watu wa Kilema walikuwa wamejipanga tangu alfajiri, na kwa mara ya kwanza maishani Jovin alikuwa ameshika karatasi ya kura yenye vyama vingi.

Kwa mzee, chama kilikuwa kimoja. Mwaka hamsini na tano aliteremka kwa miguu hadi Moshi mjini kuchukua kadi ya TANU. Azimio la Arusha lilipokuja aliwasomea majirani mstari kwa mstari, na kwa kuwa lilimkataza kiongozi kupangisha nyumba, naye alikuwa mwenyekiti wa tawi, aliufukia msingi wa nyumba ya kupangisha aliokwisha kuuchimba Himo. Ushirika ulipovunjwa na wakulima wa kahawa wakalalamika, ni yeye aliyepita nyumba kwa nyumba kuwatuliza. TANU ikawa CCM, naye akawa CCM. Baadaye, masharti ya Azimio yalipolegezwa na viongozi wakaruhusiwa kuwa na nyumba za kupangisha, mzee alikwenda Himo peke yake, akasimama juu ya ule msingi aliokuwa ameufukia.

Jovin alikuwa mtu wa mageuzi, upande wa upinzani, kwa siri. Mikutano aliihudhuria mjini, mbali na macho ya majirani. Aliamini kwamba chama kilichokaa peke yake miaka yote ile kilikuwa kimesahau kusikiliza. Nyumbani hakuthubutu kulitamka hilo. Dada yake Violet, katibu wa akina mama wa CCM pale tawini, ndiye aliyeomba kumpeleka mzee kituoni, lakini mzee alikataa. "Wewe una kazi za chama leo. Jovin atanishika mkono."

Jovin aliitazama ile picha ya jembe na nyundo ya CCM. Kisha akaweka vema kwa mageuzi, karatasi zote mbili, akazikunja haraka kama anayeficha kitu cha wizi.

"Umeweka?"

"Nimeweka, baba."

"Mungu akubariki, mwanangu."

Baraka ile ilimchoma kuliko tusi.

Jimbo lilikwenda kwa mageuzi. Vijana waliteremka barabara ya Himo wakipiga madebe na kuimba. Walipomwita, Jovin alijifanya ana majani ya ng'ombe ya kukata. Kila baba yake alipoita jina lake, alishtuka. Violet alikaa sebuleni akilia waziwazi.

"Hata kura ya baba haikutusaidia," alisema, na Jovin akainuka akatoka nje.

Jumapili, wenzake walipokwenda kupokea komunyo, yeye alibaki kwenye benchi.

Alipotoka misani alimkuta mzee peke yake uani, akigeuzageuza kwa kiganja kahawa iliyoanikwa. Jovin alipiga magoti pale pale, akiwa bado na suti yake ya kanisani.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba. Mbona sauti iko chini hivyo?"

"Baba, nimekukosea. Siku ile sikuweka ulikoniambia. Niliweka kwa mageuzi. Nimekuibia kura yako."

Mkono wa mzee ulisimama juu ya kahawa.

"Umemwambia dada yako?"

"Hapana."

"Usimwambie."

Jovin aliinamisha kichwa akingoja laana. Alijua kabisa kwamba anaistahili. Badala yake aliusikia mkono wa baba yake ukimpapasa, ukitafuta bega. Alipoinua uso, aliona mashavu ya mzee yamelowa.

"Mikutano yako ya mjini naijua tangu mwaka juzi," mzee alisema. "Lakini mimi chama kile nilikiapia, kwa mkono huu na kwa mdomo huu. Mwenyewe nisingeweza kukinyima kura, mwanangu. Nilihitaji mtu wa kuniibia."