Masikio ya Mama

Mshereheshaji alipomtaja mshindi wa tuzo ya taifa ya prodyuza bora, ukumbi mzima ulilipuka kwa makofi. Mama naye akapiga makofi, akigeuza shingo kumtafuta atakayeinuka.

Aliyetajwa ni yeye.

Sikio lake la kushoto lilikufa miaka miwili iliyopita, na la kulia lilikuwa njiani kulifuata. Aliyejua ni mimi tu, niliye binti yake na pia fundi mitambo wake. Besi aliisoma kwa kiganja juu ya spika. Sauti nyembamba nilimsikilizia mimi. "Wasanii wakijua, mwanangu, tumekwisha," alizoea kusema.

Nikamgusa goti. "Mama, ni wewe."

"Nani?"

"Wewe!"

Akanitazama midomo. Akajifunga mtandio vizuri, akapanda jukwaani, akaipokea tuzo. Mshereheshaji akamwinamia, akamuuliza kitu. Tulikwisha kupanga: ashukuru, atabasamu, ashuke.

"Sema kwa nguvu, baba," Mama akasema kwenye kipaza sauti. "Sikusikii. Mficha maradhi kilio humuumbua, basi bora nijiumbue mwenyewe. Mimi ni kiziwi. Aliyesikiliza nyimbo zilizonipa tuzo hii ni binti yangu, yule pale. Njoo huku, wewe!"

Katika safu ya mbele, mwimbaji tuliyepanga kumrekodi Jumatatu akageuka kunitazama.

Nikavua viatu vyangu vya visigino virefu, nikaanza kupanda.