Bendeji ya Mwisho

Bendeji ilibaki moja, na walioanguka walikuwa wawili.

Askari wa Kitheka alikuwa chali kwenye skrini, kando ya lori linaloungua, damu ikimwisha. Hatua chache mbele, askari wa mgeni wao naye alikuwa chini. Huyo alikuwa jamaa wa Uthiru waliyezoea kucheza naye mtandaoni kila Jumamosi mchana. Aliyebaki amesimama ni mkewe Kitheka peke yake. Alikuwa hapa hapa Kabiria, kwenye kochi lao, akicheza kwenye simu yake, miguu yake yenye soksi imelala juu ya mapaja ya mumewe.

"Nakuja! Usikufe!" akapiga kelele.

Akampita Kitheka mbio, akaenda moja kwa moja hadi kwa mgeni.

"Ai, si ungeinua mzee wako kwanza?" jamaa akauliza kwenye vipokea sauti vya masikioni mwao.

"Mgeni ndiye huanzwa," mke akajibu akicheka. Kicheko hicho Kitheka hakuwa amekisikia tangu Krismasi.

Mchezo ulikuwa umefunguliwa kwenye mashine ya Kitheka. Mwenyeji ndiye hukaribisha, na ndiye hutoa mchezaji. Akaita orodha ya wachezaji. Alama ikasimama kwenye jina la jamaa. Kisha akaishusha hadi jina la pili.

Akabonyeza.

"Kitheka! Mbona umenitoa mimi?"

"Mgeni hafukuzwi," akasema, macho yakiwa bado kwenye skrini.

Miguu yenye soksi ikaondoka mapajani pake.