Tusi la Kumtoa Shemeji

Anselm aliifunika kamusi kwa taulo aliposikia ufunguo wa Ambrose mlangoni.

Ambrose aliingia, akavua viatu, akaenda moja kwa moja ukutani kupunguza joto la hita. "Gesi siyo maji ya mto, shemeji," akasema, akajitupa kwenye kiti na kubadilisha chaneli. Mpira aliokuwa akiutazama Anselm ulikuwa dakika ya themanini.

Mwaka wa nne huu Anselm anavumilia. Kitanda kizuri cha ghorofani anakilalia Ambrose. Yeye Anselm ni sofa na maumivu ya kiuno. Hapa Hounslow, kwa Waingereza, ndege zikipita madirisha hutetemeka, lakini kinachomkosesha usingizi ni huyu mtu. Hata sahani hajawahi kuosha.

Amwambie aondoke? Thubutu. Kwao Marangu shemeji hafukuzwi. Ukimfukuza, simu zitapigwa mpaka kwa shangazi asiye na simu.

Ndiyo maana akatafuta tusi la Kiingereza, tena la zamani, lililokwisha kufa. Tusi lililokufa halimuumi mtu, ila ujumbe unafika.

"Shemeji," akaanza kwa upole. "Unajua *rakefire* ni nani?"

"Golikipa wa wapi?"

"Ni tusi. La Waingereza wa kale. Enzi hizo watu waliota moto wa kuni sebuleni. Mgeni mwenye adabu aliaga moto ukianza kufifia. Sasa kuna yule anayekaa tu, kuni zinaisha, mwenyeji anabaki kupekua majivu atafute kaa la mwisho. Huyo ndiye *rakefire*."

Ambrose akazima televisheni.

"Na haoni haya?"

"Haya ataipata wapi? Anakula, anashiba, anauliza kesho kunapikwa nini."

"Sasa mtu wa hivyo akisomewa maana yake, anafanyaje?"

"Akiwa muungwana, anachukua begi lake na kuondoka. Bila kinyongo."

Ambrose akamkumbatia, machozi yakimlengalenga, kisha akapanda ngazi mbilimbili. Anselm akasikia kabati likifunguliwa na zipu ikivutwa. Akatabasamu, akanyoosha miguu.

Ambrose akashuka na begi, akaliweka miguuni pa Anselm.

"Mungu akubariki, shemeji. Miaka minne nimekosa namna ya kukwambia. Dada yako yuko jikoni, anakufungia chapati za njiani."