Sauti Iliyobaki

Wanawake waliokaa matangani walimwona Zawena akiinuka mkekani, na hakuna aliyethubutu kumkumbusha kwamba mjane hatoki nje. Tangu wamzike mumewe hakuwa ametoa hata chozi, na minong'ono ilishaanza.

Aliifuata sauti ya piano iliyopenya ukutani, akamkuta jirani yake, Melkiori, ameiinamia, akipiga kitu kifupi cha sauti chache, polepole, kama mtu anayenyata chumbani kwa mgonjwa.

"Nyumba yangu ina msiba, wewe unapiga muziki?"

Melkiori aliendelea kupiga. Zawena akakibamiza kifuniko, naye akawahi kuchomoa vidole.

Muziki ukakatika. Lakini sauti ya mwisho ilikuwa haijapigwa, na Zawena alifika mlangoni bado akiisubiri. Akarudi, akakifunua kifuniko mwenyewe.

"Malizia."

"Toka nyumbani kwangu."

"Nimesema malizia."

Melkiori alikunja mikono kifuani. "Imebaki moja tu. Ni kile kibonyezo chenye ufa. Piga mwenyewe, kisha utoke."

Zawena akaweka kidole juu ya ufa. Ng'ambo ya ukuta wanawake walikuwa wamenyamaza, wanasikiliza. Chozi la kwanza likadondokea ukucha wake, na kidole kilikuwa bado hakijabonyeza.